Duara Kichwani mwa Mjukuu Wangu

Sifa zote njema zimrudie Mwenyezi Mungu, aliyeivika mifupa yetu ngozi, akaiotesha ngozi nywele, akatupa na ulimi wa kusema kweli. Namshukuru kwa subira yake kwangu, maana ulimi wangu niliuchelewesha, na kwa kuchelewa kwake mtu alivunjwa mkono.

Nyumbani kwetu Mbagala nilifuga paka jike. Katika dini yetu paka si najisi. Akinywa kwenye ndoo, maji yaliyobaki unatawadhia. Alizoea kulala juu ya mkono wangu wa kushoto, na mjukuu wangu wa miaka sita akimbeba shingoni kama mtandio. Mkwe wangu, mama wa mtoto, alinionya: "Baba, huyo paka ananyonyoka manyoya masikioni. Asilale na mtoto." Nikampa darsa badala ya jibu.

Baadaye mkononi pangu pakatoka duara jekundu, ukingo umeinuka, katikati pamepauka, linawasha. Daktari wa zahanati akaniuliza kwanza, "Mzee, mna paka?" Akanieleza kuwa ni choa, fangasi wanaomtoka paka wakamwingia mtu, na wakifika kichwani nywele hukatika. Akaniambia watoto wakaguliwe na paka atibiwe. Nikachukua dawa yangu ya kupaka, nikanyamaza. Niliona haya: mwalimu wa madrasa ana choa, tena alishaonywa na mkwewe! Nikavaa kanzu ya mikono mirefu. Nikajiambia nitasema Ijumaa. Ijumaa ikapita, na nyingine.

Jumamosi asubuhi mkwe wangu alikuwa uani anamfumua mtoto nywele. Nikasikia yowe: "Mwanangu kanyolewa!"

Nyuma ya sikio palikuwa na kipara cha duara, upana wa kizibo cha soda. Mtaani kwetu nywele zikitoka hivyo wengi hawafikirii ugonjwa. Husema wachawi wamekuja kumnyoa mtu usingizini. Na aliyemsuka mtoto mara ya mwisho ni jirani yetu, bibi mjane aliyekula kwa kusuka watoto wa mtaa.

Majirani walioitikia yowe wakamtoa bibi chumbani mwake, wakimburuta kwa khanga yake mpaka uani. Mie nilikuwa ndani na msahafu mbele yangu, nasikia kila neno.

"Nywele za mtoto umempelekea nani?"

"Jamani, mie nimemsuka tu!"

"Kusuka gani kunaacha kipara?"

"Ungo wako uko wapi, bibi? Paa basi tukuone!"

Wakacheka. Kisha nikasikia kofi, na jingine, na kishindo cha mwili ukutani. Nilipaswa kutoka pale pale. Nikafunga msahafu, nikatafuta kofia. Mungu anajua kuwa sikuihitaji.

Nilipofika uani, bibi alikuwa chini, damu inamtoka puani, amekinga kichwa kwa mkono wa kulia. Kijana mmoja, fundi wa pikipiki, alikuwa ameshika mchi wa kutwangia. Ulishuka mara moja juu ya ule mkono, nikasikia mfupa ukivunjika kama kuni kavu. Aliponyanyua tena nikajitupa katikati. Mchi ukanipiga begani, nikapiga magoti.

"Toka, maalim, tusikuumize bure!"

Nikakunja mkono wa kanzu mpaka kiwiko. "Tazameni! Na mimi nimesukwa na bibi?"

Wakasogea kuutazama. Mmoja akasema, "Mkono nao hunyolewa?"

"Ni choa," nikasema. "Kimetoka kwa paka wangu. Daktari aliniambia, nikaona haya kusema. Mwenye kosa ni mimi."

Nilidhani yameisha. Lakini hasira iliyokosa mtu hutafuta pengine pa kuangukia. Yule fundi akamwona paka dirishani, akamshika mkia, akampigiza kwenye sakafu ya saruji. Mara tatu. Mjukuu wangu alikuwa anatazama. Paka yule nilimuua mimi, kwa mkono wa mwingine. Dawa ya wiki chache ingemponya.

Mtoto alipewa vidonge vya kumeza na mafuta ya kupaka, na nywele zake zimerudi, alhamdulillahi. Mkono wa bibi uliunga vibaya; vidole viwili havikunjiki, na kusuka ndiyo basi. Mkwe wangu humfulia na kumpikia, wala hajaambiwa na mtu.

Nilikwenda kumwomba radhi mlangoni pake. Hakunikaribisha ndani. Akauliza, "Ulijua tangu lini, maalim?"

"Wiki mbili, dada yangu."

Akautazama mkono wake. "Nimekusamehe kwa ajili ya Mungu," akasema. "Ila mlangoni pangu usije tena." Akafunga, taratibu.

Msomaji wangu, Mola akulindie ngozi yako na watoto wako, na akupe ujasiri wa kusema kweli mapema, kabla haijamgharimu jirani yako. Amin.