Mkorea Aliyependa Migongo Yetu

Mpiga sinema aliyeletwa na serikali ya Mwingereza kupiga filamu ya kilimo cha kahawa hakuwa Mwingereza. Sisi tulimwita Mchina, naye kila mara akatusahihisha kwa upole: yeye ni Mkorea. Alijifunza kazi kwenye studio ya picha kwao, akapiga sinema Shanghai, akapanda meli hadi Mombasa. Sasa alikuwa amelala kifudifudi ndani ya shimo la ngoro, mojawapo ya yale tunayochimba mlimani ili mvua isichukue udongo, shambani kwa mama mkwe wangu, kamera ikitutazama kutoka chini.

Nyuso hakuzitaka. Alitaka ukungu wa asubuhi, jua liwe nyuma yetu, na sisi tushuke mlimani na vikapu kichwani, weusi kama vivuli. Ukungu ukiondoka, anafunga kamera, anakwenda kunywa chai. Alimchagua wifi yangu ashuke na kikapu. Akashuka, akaambiwa arudie, akarudia mpaka akachoka.

"Wifi," akaninong'oneza nyuma ya mgomba, "huyu haoni sura. Hebu vaa kanga yangu."

Nikavaa, nikajitwika kikapu, nikashuka.

"Vizuri sana," Mkorea akasema.

Tukapokezana hivyo asubuhi nzima, tukiuma midomo tusicheke.

Miezi ikapita, akarudi na filamu. Aliionyesha mchana katika ghala la kahawa, madirisha yamezibwa kwa magunia. Ilikuwa nzuri, sitaki kusema uongo. Mlima wetu ulikuwa kama umechorwa kwa masizi na maziwa. Mara mama mkwe akasimama.

"Huyo ni mwanangu! Na huyo anayetupa mguu wa kushoto, si mkwe wangu?"

Watu wakaangua kicheko. Nikamtazama Mkorea kwa wasiwasi.

"Nilijua," akaniambia. "Wifi yako alitembea kama amechoka. Wewe ulitembea kama umeiba."

Kesho yake, Mkorea alipotega tena kamera shambani, mama mkwe alifika amevaa gauni la kanisani, akasimama mbele ya kamera, jua likimpiga usoni.

"Shikamoo, mama. Naomba ugeuke kidogo," Mkorea akamsihi.

"Marahaba. Mgongo wangu jua limeuona miaka yote. Leo nimekuja na uso."

Akampiga picha hivyo hivyo, mpaka mkanda ukaisha. Mama mkwe akamwuliza atashuka lini ziwani, maana huko Liuli, ufukweni, ana dada yake mwenye uso mzuri kuliko wake.