Samaki wa jiwe nimemfuta mwenyewe

Jamani, leo nimemliza mwanangu.

Kabla hatujahamishiwa kijiji cha ujamaa hapa Runazi, marehemu baba yake alichimba kisima kule Shinyanga. Akapata jiwe lenye samaki wa kale, mifupa yote inaonekana.

Alipoitwa kwenye vita vya Kagera akaniambia, "Jiwe hili mtunzie mtoto." Hakurudi. Hakuacha kingine.

Leo binti, ni mwalimu sasa, kaja kulichukua awaonyeshe wanafunzi.

Na mimi, eti lisionekane chafu, asubuhi nililisugua kwa majivu na mchanga kama sufuria!

"Mama, samaki yuko wapi?"

"Si nimekusafishia?"

Akalipapasa. Machozi yakamtoka.

Kisha akasema, "Asante, mama."

Bora angenifokea.

Ninyi mngemwambia nini?