Bi Kidawa Aliyeingia Kitabuni

Uji wa ngano ukikaa siku mbili huchacha, na harufu yake mpaka leo hunichekesha nikiwa peke yangu. Shangazi yangu alikuwa akiloweka magazeti ndani yake, akayaponda, akafinyanga vichwa vya vikaragosi. Aliwapaka wanja machoni, akawavisha vipande vya leso alivyopewa na washonaji wa Biashara Street, hapo kwetu Mombasa. Alasiri za harusi, wanawake wakiwa peke yao, alijificha nyuma ya leso iliyotundikwa na kuwachekesha hadi wakashika mbavu. Aliyependwa kuliko wote alikuwa Bi Kidawa, kikaragosi wa kuvaliwa mkononi, mwenye meno mawili na mdomo usiojua kunyamaza.

Nilikuwa na miaka tisa, katikati ya miaka ya tisini, alipokuja mwalimu wa chuo kikuu kutoka Nairobi, akiandika historia ya maigizo ya pwani. Mtu mpole, akaketi barazani na daftari lake. Mwanamume mgeni hangeingia ndani, na shangazi hangetoka, basi kazi ikawa yangu: swali naingia nalo, jibu natoka nalo.

"Amefunzwa na nani?" aliuliza.

"Mwambie na nyanya yangu, naye na nyanya yake," shangazi alisema huko ndani, akikata uzi kwa meno. "Na asinicheleweshe, nina kichwa hakijakauka."

Jamani, raha niliyokuwa nayo! Shangazi yangu kupigwa chapa kitabuni! Lakini likaja swali la mwisho: jina lake nani? Hakuwa na mtoto, hata aitwe mama fulani, na jina lake halikuwa la kutajwa barazani kwa mwanamume wa kando. Nikaingia kumuuliza.

"Mwambie ni mtu wa mtaa huu, yatosha."

Mimi jibu hilo halikunitosha. Nikatoka, nikasema, "Bi Kidawa." Mwalimu akaandika, akapiga mstari chini yake.

Miaka mingi baadaye, nikiwa mwanafunzi wa maigizo, nilikifungua kitabu hicho maktabani. "Bi Kidawa, gwiji wa vikaragosi wa Mombasa." Lo! Kichwa cha magazeti kimepewa ukurasa mzima! Nilicheka hadi watu wakanitolea macho, kisha machozi yakanitoka. Mwenye mikono na sauti hakuwemo, na aliyemtoa ni mimi.

Nilimpelekea nakala ya ukurasa ule, nikakiri. Shangazi alicheka mpaka akajifuta macho kwa ncha ya leso. "Wallahi, Kidawa kanipita!" Halafu akapitisha kidole polepole juu ya maandishi, mstari kwa mstari.

"Na mie, mwanangu? Mie wapi?"

Siku zote nilidhani hakutaka kujulikana. Kumbe alichokataa ni jina lake kupelekwa barazani kwa mtu asiyemjua, basi. Nikamwomba ruhusa niliandike mimi, akanipa, akanisimamia nisikosee hata herufi.

Anaitwa Mwanahalima binti Athman. Bi Kidawa alikuwa mkono wake wa kulia.