Maji Niliyoinyima Sakafu

Mwanangu, ipo siku moja ambayo bado naikumbuka, ingawa nimezeeka na mengi nimeyasahau. Nilikuwa nimesimama nje ya mlango wa bafu la nyumba yetu hapa Waberi, mjini Garissa, mgongo ukutani, nikisikiliza fimbo ya mama yangu ikigonga vigae nilivyovipanga kwa mikono hii. Nimesikia kesho unaanza kazi yako ya kwanza ya bafu ukiwa peke yako. Basi keti nikusimulie, na chai yako usiiache ipoe.

Mimi nilizaliwa porini upande wa Wajir, tukichunga ngamia. Nilikuja Garissa nikiwa kijana, nikapokewa na Mzee Komora, fundi wa vigae, Mpokomo wa kando ya mto Tana. Mzee huyo alikuwa mpole hadi akaudhi. Hakunifokea hata mara moja, na pengine ingekuwa heri angenifokea. Baada ya miaka mitatu nikajiona nimehitimu. Unajua ujana ulivyo: mtu akijua kushika mwiko, anadhani amejua kujenga.

Mwaka huo mama yangu, ambaye sote tulimwita Hooyo, alikuwa ameanguka bafuni. Sakafu ilikuwa ya saruji ya zamani, imebanduka na kufanya mashimo, akajikwaa na kuvunjika nyonga. Alipotoka hospitali alipelekwa mji wa mbali wa Rhamu kwa kaka yake auguzwe, akakaa huko miezi mingi mpaka akaweza kutembea kwa fimbo. Neno la daktari lilikuwa moja tu: akianguka tena, hatainuka.

Habari ikaja kwamba Hooyo anarudi Alhamisi. Nikasema moyoni, hatakanyaga tena sakafu ile. Nilivunja saruji yote, nikatoa kifusi, nikamwaga sakafu mpya yenye kuinamia tundu la maji. Mzee Komora akapita kuitazama. Aliinama, akapitisha kiganja chake juu yake, akasema, "Ni nzuri. Sasa iache inywe maji siku tatu, asubuhi na jioni. Vigae navyo vilale ndani ya maji usiku kucha. Na kabla hujaweka hata kimoja, mwaga ndoo nzima, usimame utazame maji yanakimbilia wapi."

Ndoo nzima! Wiki hiyo mifereji ilikuwa mikavu, na maji tuliletewa madumu kwa mkokoteni wa punda. Nami nilikulia mahali ambapo kikombe kimoja cha maji hunywewa na watoto watatu, na anayekidondosha hulia kabla hajapigwa.

Nikamjibu kwa Kiswahili changu cha siku zile, "Mzee, hii maji watu natafuta ya kunywa. Mimi namwaga chini? Wallahi Mungu atauliza mimi."

Alipangusa kiganja chake. "Haya, mwanangu. Lakini sakafu uliyoinyima maji itayatafuta yenyewe."

Sikumwaga hata kopo. Na leo nikuambie ukweli wote, maana nimefika umri wa kutoogopa aibu: sikuwa nachelea maji peke yake. Alhamisi ilikuwa inakaribia na nilitaka sifa. Haraka yangu niliivisha kanzu, nikaiita uchaji Mungu.

Jumatano jioni vigae vilikuwa vimekaa, vyeupe vyenye maua ya buluu, na majirani walikuja kuchungulia. Walipoondoka nikavigonga kimoja kimoja kwa kifundo cha kidole, kama nilivyofunzwa. Vingi vililia kwa sauti nzito, inavyotakiwa. Vitatu vya pembeni, upande wa mlango, vililia tupu. Kigae kikavu huifyonza saruji maji yake kabla haijashika, kwa hiyo chini yake hakuna kilichoungana na kitu. Nilijua. Nikatazama saa, nikatazama mlango, kisha nikavifunika kwa kile kiti kidogo cha plastiki ambacho Hooyo hukalia akitawadha. Fikiri, mwanangu. Mahali pabovu kuliko pote ndipo nilipompangia mama yangu kiti. Mficha maradhi kifo humuumbua, na mimi nilikuwa nimeyaficha chini ya miguu ya mtu aliyenizaa.

Usiku ule sikulala, nikijiambia labda halitatokea lolote. Hooyo akafika Alhamisi, vumbi la safari mpaka kwenye kope. Akalitazama bafu, akanishika kichwa, akaniombea dua. Kila neno la dua lile lilinichoma. Alasiri ikaadhiniwa. Dada yangu Habiba akataka kuingia naye, akakataliwa. "Nimeuguzwa miezi yote hii," alisema Hooyo, "niacheni nitawadhe kama mtu mzima." Akachukua birika lake, akaurudisha mlango bila komeo.

Nikabaki nje nikisikiliza. Fimbo iligonga vigae: ko, ko, ko. Kisha ikabadilika sauti, na nikajua amefika pembeni. Nikasikia kiti kikilia chini yake, halafu maji yakimwagika. Nikangoja mlio wa maji kuingia tunduni. Haukuja. Badala yake maji yalipita chini ya mlango yakanilowesha vidole vya miguu, na papo hapo nikasikia kigae kikibanduka, ta!

Ningefanya nini? Mtoto wa kiume hamwingilii mama yake bafuni. Nilibaki pale, nikimwona mbele yangu kitandani asikoinuka tena.

"Hooyo!" nikapiga kelele. "Usiinuke! Usisogeze mguu!"

"Kuna nini? Nyoka?"

"Si nyoka, Hooyo. Ni mimi. Sakafu ni mbovu, na nilijua."

Habiba alinipita mbio, akaingia. Alimkuta ameketi, miguu ndani ya dimbwi, kigae kimoja kimeachana na sakafu na kuteleza chini ya unyayo wake. Angeinuka tu, angekwenda nacho. Habiba alimkumbatia kiunoni akamtoa hatua kwa hatua, nami nimeugeukia ukuta, nalia.

Hooyo alimaliza udhu kwa beseni uani, akaswali bila haraka. Alipotoa salamu akaniita mkekani, nikamweleza yote: maagizo ya Mzee Komora, madumu, na jinsi sisi watu wa porini tusivyomwaga maji. Alinisikiliza hadi mwisho. Kisha akaniuliza kwa Kisomali chake cha taratibu, "Baba yako alipofinyanga hori jipya la udongo pale kisimani, ndoo ya kwanza alimpa nani?"

Nilikuwa nimemwona kwa macho yangu. Ngamia walikuwa wamezunguka kisima wakilia kwa kiu, na baba alimimina ndoo ya kwanza katika hori tupu, akamzuia kila mnyama, akachuchumaa kutazama maji yanavujia wapi. Akaziba kwa udongo, akamimina tena.

"Alilinywesha hori lenyewe," nikajibu.

"Kuna aliyemwita mharibifu?"

"Hakuna."

"Basi usimsingizie baba yako, wala pori. Ulikuwa na haraka."

Kesho yake nilikwenda kwa Mzee Komora nikiwa nimeinamisha kichwa. Alikuja na dumu la maji kwenye baiskeli yake, akalimwaga lote sakafuni mbele yangu. Maji yakakimbilia pembeni, yakasimama. Tukavunja kila kitu, tukaanza upya, na safari hii sakafu ilikunywa mpaka ikakinai.

Hooyo aliishi miaka mingi akitembea kwa miguu yake. Siku Mungu alipomchukua, kitandani, usingizini, wanawake walimwosha katika bafu hilo hilo. Nilisimama tena nje ya mlango, mgongo ukutani. Nikasikia maji yakimwagwa, na nikayasikia yote yakienda tunduni. Vidole vyangu vilibaki vikavu.

Basi shika hili, mwanangu. Wahenga walisema asiyesikia la mkuu huvunjika guu, lakini hawakutuambia kwamba mara nyingi guu lenyewe huwa la mtu mwingine. Kazi yako ijaribu wewe kwanza, kabla mwenye kukuamini hajaikanyaga. Ukisikia sauti tupu, vunja, hata kama mgeni yuko mlangoni. Na ukikosa, sema mapema, hata kwa kupiga kelele kupitia mlango. Aibu hukauka, nyonga haiungwi mara mbili.

Nenda sasa. Mungu akupe mkono wenye subira na sikio lisilojidanganya, na kila mzee atakayekanyaga sakafu yako aende kwenye swala yake salama. Amin. Na kesho, kabla ya kigae cha kwanza, uje uchukue dumu kwangu. Nimekuwekea.