Kiatu Kilichompata Baba Mkwe

Leo nimempiga baba mkwe kwa kiatu.

Tulieni nieleze.

Wakwe watarajiwa wa mjukuu wangu Nyamizi wamekuja kujitambulisha, Wahaya wasomi. Nyamizi akaniletea viatu vipya. Nikakataa. Katambuga zangu za tairi zina ubaya gani?

Akafoka mbele ya wageni: "Bibi naye ni rekalsitranti!"

Ndiyo nini hiyo?

Baba mkwe, mwalimu mstaafu, akajibu kwa adabu: "Ni Kiingereza, mama. Mtu mbishi. Neno limetoka Kilatini: mnyama anayerusha teke kwa kisigino."

Nyamizi machozi yanamlenga, anaona ndoa inapeperuka.

Nikasema, "Mbona Wasukuma tunamjua huyo? Ng'ombe wa mateke hapigwi. Analetewa ndama kwanza, ndipo anatulia akamuliwe."

Mchumba wa Nyamizi akaelewa kuwa ndama ni yeye! Akapiga magoti. "Shikamoo, bibi."

Marahaba, mume wangu!

Akaanza kunivisha viatu mwenyewe. Moyo ukalainika jamani.

Kimoja kikabana kidole kibovu. Mguu ukaruka wenyewe, kiatu kikatua kifuani kwa baba mkwe.

Akakitazama kisigino cha kiatu. "Kilatini hakikosei," akasema. "Mpeni mama katambuga zake, tupange harusi."

Nani kwenu ananishinda ubishi? Mtajeni hapa.