Misonobari katika maharagi ya mama

Matanga ya baba yalipokwisha tu, mdogo wake alipanda kilima chetu cha Masisi kwa pikipiki, buti zake hazijui tope, amebeba miche ya misonobari ndani ya vifuko vyeusi. Akaichomeka katikati ya maharagi ya mama, akapigwa picha ameshika jembe letu, akarudi zake Goma. Basi! Kulima kwake kuliishia hapo.

Kwetu anayepanda miti anatangaza kwamba ardhi ni yake. Maharagi hata mpangaji anapanda, mti, hapana. Kila mtu kilimani alijua kwamba misonobari ile ikisimama, mama atafukuzwa pamoja na sisi watoto wake. Kuing'oa? Angeshitakiwa kwa chefu wa kijiji kesho yake, na baba mdogo mdomo anao.

Tena msonobari mchanga hauyawezi majani. Usipopaliliwa unasongwa, unageuka njano, unakufa. Sasa mama kila alipopalilia maharagi yake, miti nayo ilipaliliwa bure. Ikanenepa kweli kweli! Baba mdogo akawa anapiga simu: "Watoto wangu wanaendelea je?" Anauliza miti, si sisi. Hata siku moja hakuuliza tumekula nini. Nilimdharau mpaka simu yake ikilia nilitoka nje.

Msimu uliofuata mama hakupanda kitu. Tulilima mashamba ya watu ili tupate chakula, na jioni tukala ugali na sombe, yale majani ya muhogo, bila maharagi, tukanuna. Majani yakafika kiunoni. Ng'ombe wa majirani, ambao hawapiti majani mazuri hivi hivi, wakaingia. Mama aliwaangalia tu, hakurusha hata jiwe.

Siku moja baba mdogo akaja na mfanyabiashara wa mbao, ili amringie kwa utajiri wake wa kesho. Wakakuta mavi ya ng'ombe na vijiti vilivyovunjika. Loo, alivyofoka! Bwana mkubwa mzima, mate yanaruka. Akampeleka mama mbele ya chefu, na nusu ya kijiji ikafuata nyuma, maana nani atakosa kuona hayo?

"Chefu, angalia huyu mwanamuke! Njo uvivu gani huu? Ameacha shamba yake imekuwa pori, ng'ombe zimemaliza miti yangu!"

Chefu akamtazama kwa utaratibu.

"Papa, shamba ya nani?"

Baba mdogo akamgeukia yule mfanyabiashara, naye alikuwa ameshaanza kuitafuta pikipiki yake.

"Nimesikia kwa kinywa chako mwenyewe: umesema shamba yake," chefu akasema. "Na hawa wote wamesikia."

Mama hakucheka wala hakumtazama shemeji yake. Aliniambia tu nipite kwa jirani kuomba mbegu za maharagi, kwa sababu mvua ilikuwa karibu.