Bibi Asiyesema Redioni

Nakumbuka asubuhi moja, mwanangu, nilishuka treni ya kutoka Erdington nusura nikimbie, mchezo wangu wa kwanza wa redio, wa Kiingereza, ukiwa mkobani. Siku hiyo ungerekodiwa katika studio moja hapa Birmingham. Nimeandikia redio na televisheni mpaka nywele zimekuwa nyeupe, lakini moyo haujanidunda vile tena. Labda siku nilipojifungua.

Mchezo ulihusu binti wa Kikenya aliyempeleka mchumba wake nyumbani. Wote wanazungumza isipokuwa bibi yake binti. Bibi anakoroga chai, hasemi neno, na kwa kunyamaza kwake kila mtu anajua kwamba kijana hajakubaliwa. Wewe umelelewa na watu wetu, unakijua kimya hicho.

Tulipomaliza kuusoma kwa sauti mezani, mwongozaji alivua miwani.

“Bibi simsikii,” alisema. “Redioni, asiyesikika hayupo. Mpe maneno kabla ya chakula cha mchana, la sivyo tumtoe.”

Amtoe! Bila bibi, mchezo wangu ulikuwa watu wanaokunywa chai tu.

Nikakimbilia ukumbini, nikamwandikia bibi hotuba ndefu yenye machozi. Nikampelekea Mama Harjit, mwigizaji wa sehemu hiyo, mama wa Kisikh mzaliwa wa Kisumu aliyezeekea mtaa wa Stechford, hapa hapa mjini. Aliisoma polepole, kisha akacheka mpaka akakohoa.

“Wee binti, huyu ni bibi ama ni wakili?”

“Mama, wanataka kukutoa!”

“Wacha watake. Bibi yako wewe angejieleza hivi mbele ya mgeni?”

“Hata kidogo.”

“Sasa mbona unaniaibisha? Maneno wape hao wengine. Waniogope kwa sauti. Mimi nitafutie kikombe na kijiko cha chuma, si hiki cha plastiki.”

Nilifuta hotuba yote. Nikawapa wengine maswali, nikaleta kikombe na kijiko cha chuma, kwa maana ghafla niliusikia mchezo wangu!

Tukaingia studio.

“Bibi, sukari imetosha?” akauliza binti. Kijiko kikagonga kikombe, taratibu.

“Bibi, huyu ni nesi, ana kazi nzuri.” Kijiko kikaendelea.

“Bibi, tunataka kuoana.”

Kijiko kikasimama.

Mwanangu, studio nzima iliacha kupumua! Aliyeigiza mchumba, mzaliwa wa hapa hapa asiyejua hata salamu ya Kiswahili, alimeza mate, na mate yale yakasikika. Nami nikashindwa kujizuia, nikapiga vigelegele. Rekodi ikaharibika.

“Msimguse huyo bibi!” mwongozaji alipaza sauti nyuma ya kioo. “Na mwandishi atoke nje! Tunarudia!”

“Toka, mjinga wewe,” Mama Harjit akanambia, meno yote nje. “Umejua kuandika, sasa jua kunyamaza.”

Basi nakuambia wewe unayeandika leo: utaambiwa watu wetu hawaeleweki. Usiharakishe kuwafanya wajieleze kama washtakiwa. Watafutie njia ya kusikika vile walivyo. Na mtu anayewajua akiicheka kazi yako, kaa karibu naye, msikilize, kisha rudi mezani ufute.

Mungu akupe wa kukukataza sentensi mbovu wakati kalamu bado iko mkononi. Akujalie pia asubuhi ya kusikia maneno yako kinywani mwa mwingine, nawe ufukuzwe nje kwa furaha. Amina.